Mlinzi Aliyekwisha Kuambiwa

Bismillahi Rahmani Rahim. Amma baad.

Tumeulizwa katika darsa: mtu akitishwa kuuawa, akaenda kuwaeleza polisi, nao wasifanye neno mpaka akauawa, je, wana dhambi, au dhambi ni ya muuaji peke yake? Wengi waliohudhuria walijibu kuwa ni ya muuaji. Mimi sikuridhika na jawabu hilo.

Jueni kwanza kwamba jambo hili limefika mbele ya mahakama kubwa za dunia, wala hazikuafikiana. Katika mji wa Castle Rock, jimbo la Colorado, Marekani, mama mmoja alikuwa na hati ya mahakama ya kumzuia mume waliyetengana naye. Mwezi wa Juni 1999 mume akawachukua binti zao watatu. Mama akawapigia polisi simu jioni. Wakamwambia angoje hata saa nne ya usiku. Saa nne ilipofika, wakamwambia angoje hata usiku wa manane. Mwisho akaenda kituoni mwenyewe. Saa tisa na dakika 20 yule mwanamume akafika kituoni akifyatua risasi, naye akauawa; watoto wote watatu wakaonekana garini mwake, wamekufa. Sheria ya jimbo ilikuwa yaamuru askari wamkamate mwenye kuvunja hati kama ile. Na juu ya hayo, mwaka 2005 Mahakama ya Juu ya Marekani, majaji 7 kwa 2, iliamua kwamba Katiba haimpi mama yule haki ya kudai hati yake itekelezwe.

Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya, katika kesi ya Osman mwaka 1998, ilikuwa imekwisha sema neno jingine: polisi wakijua, au ikiwapasa kujua, kwamba maisha ya mtu fulani yamo katika hatari ya kweli na ya karibu, yawapasa kufanya liwezekanalo. Ingawa walioshitaki hawakushinda kwa hoja hiyo, kanuni yenyewe ilibaki.

Nayo yakaribiana na fikihi yetu. Imamu al-Mawardi, wa madhehebu yetu, aliyekufa mwaka 450 Hijria, amehesabu katika wajibu wa mtawala kuwalinda raia wapate kutafuta maisha na kusafiri pasi na kuhofia nafsi wala mali. Ulinzi huu ni faradhi kifaya. Lakini mtu akizama, na pwani hapana ajuaye kuogelea ila mmoja, faradhi yamgeukia huyo kuwa aini, hawezi kusema, “Nami ni mmoja katika watu.” Sasa tazameni: serikali imewakataza watu kujilipiza kwa mikono yao, na ni haki kukataza. Basi imebaki pwani peke yake.

Tena mwenye kuwekewa amana hadhamini ikipotea, ila akizembea. Aliyelala mlango wazi, hali ameambiwa mwizi yuko mtaani, nani atasema hakuzembea?

Yuko atakayesema: askari ni wachache, na vitisho vingi ni maneno ya hasira tu. Ni kweli, wala sisemi askari asimame katika kila mlango, wala mtu afungwe kwa uvumi, maana mwenye kushitakiwa naye ana haki yake. Lakini kuuliza, kuandika, kumwendea mtishaji na kumwonya, kumtoa mwenye hofu katika nyumba ile kwa usiku mmoja, haya si mazito. Mama yule wa Castle Rock hakuomba jeshi. Aliomba mtu aondoke kitini.

Nami sina budi kusema langu. Zamani mama wa mwanafunzi wangu mmoja alinijia, akasema mumewe ameapa kumkata kwa panga. Nikamwambia asubiri, wanaume husema mengi. Siku ya tatu nilisikia yuko hospitali, mkono umepasuliwa. Alipona, alhamdulillahi, lakini mkono haukurudi sawa. Mimi si askari, ila niliambiwa. Tangu siku hiyo ajaye na neno kama hilo naongozana naye mpaka kituoni, wala siondoki mpaka nimeona limeandikwa kitabuni, na nimejua jina la askari aliyeliandika.