Nani Anamdai Paul Morphy?

Desemba 1858, jijini Paris, Paul Morphy alimshinda Adolf Anderssen wa Ujerumani kwa michezo saba dhidi ya miwili, miwili mingine ikaisha sare. Alikuwa na miaka 21, na Ulaya nzima haikubaki na mchezaji wa sataranji wa kumtia hofu. Mwaka uliofuata alirudi kwao Marekani, na haukupita muda mrefu akaachana na mashindano. Alitaka kuwa wakili mjini New Orleans. Uwakili haukumnyookea, afya ya akili ikamsumbua, na mwaka 1884 akafariki akiwa na miaka 47. Tangu hapo wengi walioandika habari zake wamerudia hukumu moja: kipaji kimepotea bure. Hukumu hiyo husemwa kwa huruma, lakini imebeba shutuma nzito. Inadai kwamba mwenye kipaji ana deni, na asipokitumia amedhulumu. Mimi siikubali.

Inakotoka naielewa. Mwaka huohuo wa 1858, ndani ya jumba la opera la Paris, Morphy alicheza na mabwana wawili wa tabaka la juu, Duke wa Brunswick na Count Isouard, waliokuwa wakishauriana dhidi yake. Katika hatua ya 16 alimpeleka malkia wake aliwe. Farasi mweusi hakuwa na hiari, akamla. Hatua ya 17 ngome ikapanda mpaka mstari wa mwisho, na mfalme mweusi akakosa pa kukimbilia. Mchezo huo unafundishwa mpaka leo, na anayeuona kwa mara ya kwanza hutamani mingine kama huo. Tamaa hiyo ni halali kabisa. Ila kukitamani kitu hakukupi haki juu yake, na raha tuliyokwisha kuipata bila kulipa chochote haiwezi kumgeuza aliyetupa kuwa mdeni wetu.

Tena wanaolalamika hawaelewani wenyewe kwa wenyewe. Emanuel Lasker alishikilia ubingwa wa dunia kwa miaka 27, kuanzia 1894 hadi 1921. Alikuwa pia mwanahisabati wa kweli: nadharia aliyoitoa mwaka 1905 ingali inafundishwa katika aljebra ikiwa na jina lake. Albert Einstein, aliyefahamiana naye Berlin, aliandika dibaji ya kitabu cha maisha yake, na humo aliona msiba katika jinsi sataranji ilivyoishika akili ile isiweze kujinasua. Basi Morphy analaumiwa kwa kuiacha sataranji, Lasker anasikitikiwa kwa kutoiacha. Kama kipaji kingekuwa deni, tungejua angalau linalipwa kwa sarafu gani. Kinachobadilika hapa ni matakwa ya mtazamaji tu: mpenzi wa sataranji anataka michezo, mwanasayansi anataka nadharia, na kila mmoja anayaita matakwa yake wajibu wa mwenzake.

Deni haliwi deni bila mdai, na historia ya mchezo huu inaonyesha mdai huyo anavyokuwa akijitokeza. Mark Taimanov alikuwa bingwa mkubwa wa Muungano wa Kisovieti na pia mpiga piano aliyejaza kumbi. Mwaka 1971, mjini Vancouver, Bobby Fischer alimfunga sita kwa sifuri. Taimanov aliporejea nyumbani, maofisa wa forodha walikuta kwenye mizigo yake kitabu cha Solzhenitsyn, mwandishi aliyepigwa marufuku nchini humo. Akanyimwa safari za nje, na hata maonyesho ya piano akazuiwa kwa muda. Dola ile iliamini kwa dhati kwamba vidole vyake na akili yake ni mali ya umma, na alipopungukiwa ikamwadhibu kama mkopaji aliyefuja fedha. Mir Sultan Khan naye alifikishwa Uingereza kutoka Punjab na Sir Umar Hayat Khan, bwana aliyemtumikia. Alitwaa ubingwa wa Uingereza mara tatu, mwaka 1929, 1932 na 1933, akamshinda hata Capablanca, bingwa wa zamani wa dunia, kisha bwana yule aliporudi India naye akarudi, na safari yake ya kimataifa ikaishia hapo. Familia yake inasimulia kwamba wanawe hakuwafundisha mchezo ule, akawataka wafanye jambo lenye manufaa zaidi. Simwoni kuwa mtu aliyekosa shukrani. Namwona aliyejua kipaji kinavyokuwa mikononi mwa wengine.

Pingamizi zito zaidi linatoka kwenye dini. Mkristo atataja mfano wa talanta katika Injili ya Mathayo, ambamo mtumishi aliyefukia fedha ya bwana wake alihukumiwa. Mwislamu atasema kwamba kila mja ataulizwa juu ya neema aliyojaliwa. Mafundisho hayo nayachukua kwa uzito wake wote, na kwa sababu hiyohiyo naona hayamsaidii anayemshutumu Morphy. Katika yote mawili anayeuliza ni Mtoaji, si watu waliosimama kando wakitazama. Isitoshe, wanazuoni wa madhehebu ya Shafi, yanayofuatwa na Waislamu wengi wa pwani yetu, waliihesabu sataranji kuwa makuruhu, yaani isiyopendeza ingawa si haramu, wakaharamisha kamari ndani yake na kumwonya mtu isimpitishie sala. Swali lao lilihusu saa za mtu zilivyotumika. Morphy mwenyewe, akipokea heshima mjini New York mwaka 1859, alisema mchezo huu usiachwe ukavuruga kazi zilizo nzito zaidi. Aliyesema hivyo hakufukia talanta kwa woga. Aliipima neema moja dhidi ya nyingine akachagua. Kwamba chaguo lake halikumletea furaha ni huzuni, lakini halithibitishi kosa.

Kuna atakayesema kipaji hutengenezwa na wengine, kwa hiyo wana fungu lao. László Polgár wa Hungaria aliwalea binti zake watatu akiamini hivyo, na Judit akapata cheo cha juu kabisa cha sataranji mwaka 1991, akiwa na miaka 15. Ila saa zote zile mbele ya ubao alikaa Judit. Kazi ya mzazi inastahili shukrani na upendo, na vyote hivyo havina thamani vikidaiwa kwa nguvu.

Si kwamba hakuna mchezaji anayedaiwa kamwe: Fischer, yule aliyemfunga Taimanov, simtetei. Alipotwaa ubingwa Reykjavik mwaka 1972, alipokea cheo ambacho sharti lake lilikuwa kukitetea. Kwa pambano la mwaka 1975 aliweka masharti, shirikisho la dunia likakubali baadhi na kukataa mengine, naye akajitoa. Mpinzani wake, Anatoly Karpov, akatangazwa bingwa bila kusogeza hata kipande kimoja dhidi yake. Hapo deni lilikuwepo, kwa kuwa palikuwa na ahadi na palikuwa na mtu aliyejiandaa kwa kuitegemea. Fischer alimdai Karpov heshima ya bingwa. Karpov alimdai Fischer mchezo, na hakulipwa.