SAUTI MOJA NA MOYO MMOJA



Somo letu mwezi huu ni Mambo ya Nyakati wa Pili 5:11-14. Humo twasoma kwamba sanduku la agano lilipoingizwa Hekaluni, wapiga tarumbeta na waimbaji walisikika kama mtu mmoja, na utukufu wa Bwana ukaijaza nyumba.

Tumelichagua kwa sababu ya swali la kijana mmoja wa kwaya. Baada ya mazoezi alitujia na simu yake na vile visikilizio vya masikioni, akasema ya kuwa ziko sauti zinazoweza kuzifanya akili za watu ziende pamoja. "Mwalimu," akauliza, "kwa nini tusizisikilize sote kabla ya sala ili tuwe na nia moja?"

Hatukumcheka. Sisi tuliofundisha chuo cha ualimu twajua kuwa swali la mwanafunzi hujibiwa kwa heshima. Tena jambo lenyewe lina msingi. Katika karne ya 19 Mjerumani Heinrich Wilhelm Dove aligundua hivi: sikio moja likisikia sauti ya mitetemo 200 kwa sekunde, na la pili sauti ya mitetemo 210, mtu husikia kichwani mapigo 10 kwa sekunde, ambayo hayamo katika sauti yo yote ya hizo mbili. Ubongo wenyewe huyatengeneza. Mwaka 1975 Robert Monroe, Mmarekani aliyewahi kufanya kazi ya redio, alipata hati ya kulinda njia yake ya kumwongoza mtu usingizini kwa sauti. Tangu hapo wengi wamedai kwamba mawimbi ya ubongo huyafuata mapigo hayo. Lakini mapitio ya chunguzi 14, yaliyochapishwa mwaka 2023, yalikuta 5 zikiunga mkono dai hilo, 8 zikilipinga, na 1 ikiwa katikati. Basi tusijenge nyumba juu ya mchanga.

Kadhalika tulimwambia kijana wetu kwamba anachokitafuta anacho tayari. Mwaka 2013 wataalamu wa Göteborg, nchini Sweden, walichapisha habari za vijana walioimba pamoja huku mapigo ya mioyo yao yakipimwa. Mapigo yalipanda na kushuka pamoja, kwa kuwa wimbo uliwafanya wavute pumzi pamoja. Kumbe kila Jumapili mioyo ya kwaya yetu huenda pamoja bila chombo cho chote!

Tulipokwisha kusema hayo, dhamiri ikatuchoma. Kwa misimu miwili ya mvua, sisi tunaoandika maneno haya tulisimama bega kwa bega na mzee mwenzetu wa sauti ya nne, tukivuta pumzi moja naye, wala hatukusalimiana. Chanzo ni mpaka wa shamba, kipande kisichofika hatua tatu. Mioyo ya nyama ilipiga pamoja, lakini mioyo ambayo Mungu huitazama ilikuwa mbalimbali. Nasi tulikuwa tukiwafundisha vijana kuimba Zaburi.

Wapendwa, sauti moja si ushahidi wa moyo mmoja. Kumbukeni Danieli mlango wa 3. Katika uwanda wa Dura ala za kila namna zililia, na umati ukaanguka kifudifudi kwa wakati mmoja. Umoja ulikuwapo, lakini ulikuwa wa hofu mbele ya sanamu. Siku ile walio waaminifu ni vijana watatu waliobaki wamesimama. Sauti yaweza kuwakusanya watu kwa wema au kwa uovu. Haiwezi kutubu kwa niaba yao.

Bwana wetu alitupa njia nyingine katika Mathayo 5:23-24. Ukikumbuka madhabahuni kwamba ndugu yako ana neno juu yako, iache sadaka, uende ukapatane naye kwanza. Njia hii haina mashine. Inahitaji miguu tu, na kuishusha shingo.

Jumamosi ile ile jioni tulikwenda. Mzee alikuwa uani akipukuchua mahindi. Alitutazama kitambo, akasema, "Mwalimu, umechelewa." Tukajibu, "Ni kweli. Tumekosa, utusamehe." Akasogeza kigoda. Tukakaa, tukapukuchua naye mpaka giza likaingia. Mpaka wa shamba haujaamuliwa bado, nao wazee watakuja kuupima. Lakini sasa twasalimiana, na Jumapili iliyofuata tuliposhika kitabu kimoja cha nyimbo, mikono yetu yote miwili ilitetemeka.

Basi kijana wetu asikilize sauti zake zikimpumzisha, hatumkatazi. Ila ajue kwamba visikilizio humfungia mtu ndani ya masikio yake, na upatanisho huanza pale tunaposikia sauti ya ndugu tuliyemkosea, hata ikiwa ni ya kutukemea.

Kabla ya Ushirika Mtakatifu ujao, kila mmoja wetu amtaje moyoni mtu mmoja, kisha aende kwake. Asingoje yeye aanze.

Ee Bwana, utupe kuimba kwa sauti moja, na unyenyekevu wa kupatana kabla hatujaimba. Kwa Yesu Kristo Bwana wetu. Amina.