Baraza ya Ghorofa ya Tatu

Bibi yangu alihamia majumba ya Michenzani, Zanzibar, kutoka nyumba ya udongo ya Ng'ambo. Alipewa umeme, maji ya bomba na choo cha ndani. Hakupewa baraza. Wiki haikuisha akatandika mkeka kwenye ngazi za ghorofa ya tatu, akaweka mbuzi yake, akakuna nazi huku akiamkiwa na kila apandaye. Aliyepita kimya aliulizwa, “Mwanangu, mimi nimekuwa nguzo?”

Dini yetu imempa jirani haki nzito. Lakini jirani ni nani: yule mnayegawana ukuta, au yule uliyekwisha kumwona uso? Na mchoraji ramani aweza kukupa jirani, au hukupa ukuta tu?

Swali hilo lilinirudia niliposoma habari za Bauhaus, chuo cha majaribio alichokianzisha Walter Gropius mjini Weimar mwaka 1919, kikahamia Dessau mwaka 1925. Waliamini kwamba kiti, taa na nyumba vikifikiriwa upya, maisha nayo yatafikiriwa upya. Hannes Meyer, aliyeshika uongozi mwaka 1928, alitaka mahitaji ya watu yatangulie anasa. Siwacheki. Mfanyakazi aliyelala chumba kimoja na watoto sita hakuhitaji nakshi, alihitaji dirisha.

Basi Gropius akawajengea wafanyakazi: mtaa wa Törten, Dessau, nyumba 314 kati ya 1926 na 1928, kazi ikipangwa kama kiwandani. Madirisha aliyaweka juu mno. Wenyewe walipokwisha kukaa wakayabomoa, wakayateremsha hadi mtu akiketi aone njia. Chuo chenyewe kilifungwa Berlin mwaka 1933, Wanazi wakiwa wamekikaba, na walimu wake wakatawanyika na fikra zao hadi Chicago na Harvard.

Majumba marefu ya Michenzani, baada ya Mapinduzi ya 1964, yalipangwa kwa msaada wa wataalamu wa Ujerumani Mashariki, nchi ambayo Dessau ilikuwa ndani yake. Sisemi Gropius ndiye aliyemnyima bibi baraza. Nasema imani ni ile ile: kwamba haja ya mtu yaweza kuhesabiwa kabla mtu mwenyewe hajafika. Maji huhesabika. Salamu je?

Bibi alifia humo humo. Wanawake waliokuja kumsomea khitma walijaa sebuleni, waliobaki wakaketi ngazini, juu ya mkeka wake.