Mikono Iliyofundishwa Vita

Katika toleo hili tunaleta swali ambalo limekuwa likisemwa chinichini hapa kambini, kwenye foleni ya maji na hata baada ya ibada. Mtu aliyeshikishwa bunduki akiwa mtoto, je, ana hatia ya yale aliyoyatenda? Wapo kati yetu vijana waliotoka porini, kwenye makundi yenye silaha. Wengine wanakuja kanisani na kukaa benchi la nyuma. Tuseme ukweli mbele za Mungu: mara nyingi tunawaita watoto wetu waondoke karibu nao.

Ili tusinyoosheane vidole sisi kwa sisi, tutazame maisha ya mtu ambaye habari zake zinajulikana duniani. Huyu ni bondia Kassim Ouma, aliyezaliwa Uganda mwaka 1978. Akiwa bado mtoto mdogo, wa miaka mitano au sita hivi, alichukuliwa kwa nguvu na jeshi la msituni la NRA, lile lililoingia Kampala na kutwaa serikali Januari 1986. Yeye mwenyewe amesimulia kwamba alilazimishwa kutesa na kuua. Vita vilipokwisha hakurudishwa kwa mama yake, bali alibaki jeshini, na huko huko jeshini akajifunza ngumi.

Mwaka 1998 alisafiri Marekani kwa ajili ya mashindano ya ngumi, akatoroka, hakurudi tena. Mwaka huo huo akaanza ngumi za kulipwa. Ulingoni alijiita "The Dream", maana yake Ndoto. Mwaka 2002 alipigwa risasi huko Florida, akapona, akarudi mazoezini. Tarehe 2 Oktoba 2004, mjini Las Vegas, alimshinda Verno Phillips kwa pointi na kuvaa mkanda wa dunia wa IBF. Mtoto aliyenyang'anywa utoto wake sasa akaitwa bingwa.

Je, mkanda ule ulifuta yaliyopita? Sisi tunasema hapana. Dhahabu haioshi damu. Tena mkanda wenyewe haukukaa. Julai 2005 Roman Karmazin alimnyang'anya, na Desemba 2006 Ouma alishindwa na Jermain Taylor alipotafuta ubingwa wa uzito wa juu zaidi. Kama heshima yake ingetegemea mkanda, basi ingekuwa imekwisha baada ya miezi tisa hivi. Kwa hiyo jibu la swali letu tulitafute mahali pengine.

Kwanza, tutofautishe hatia na mzigo. Hatia inataka mtu awe amejua na amechagua. Mtoto wa miaka sita hajui, na aliyeshikiwa bunduki kisogoni hachagui. Hata sheria za mataifa zinaona hivyo. Mwaka 2012 Mahakama ya Kimataifa ya Jinai huko The Hague ilimhukumu Mkongomani Thomas Lubanga kifungo cha miaka 14, kwa kosa la kuandikisha watoto wa chini ya miaka 15 na kuwatumia katika vita vya Ituri. Aliyesimamishwa kizimbani ni mkubwa aliyewatuma. Mahakama hiyo haina mamlaka ya kumhukumu mtu kwa tendo alilolifanya kabla ya kutimiza miaka 18.

Lakini tunamsikia mama mjane akisema, "Mkono uliomuua mume wangu ni mkono ule ule." Mama, hatukukatalii. Uchungu hauulizi umri wa aliyeuleta. Hatukuambii usahau, wala hatukulazimishi umkaribishe mtu huyo mezani kwako leo. Tunachosema ni kwamba kijana yule naye amebeba mzigo, na mzigo huo alitwishwa na wakubwa.

Pili, kuna jambo ambalo hakuna mtu mwingine awezaye kulifanya kwa niaba yake: kuamua mikono ile itumike vipi sasa. Wengine wanauliza, "Je, ngumi si vita vilevile?" Sisi tunaona tofauti kubwa. Ulingoni wawili wamepimwa uzito, na katika daraja alilolitwaa Ouma hakuna aliyeruhusiwa kufika kilo 70. Wote wamekubali wenyewe. Mwamuzi yuko katikati yao. Aliyeanguka hapigwi tena, na kengele ikilia mkono unashushwa. Porini hakukuwa na mwamuzi wala kengele. Hatusemi kwamba ngumi ni mchezo salama, wala hatumtumi mtoto yeyote huko. Tunasema kwamba mtu aliyefundishwa kupiga bila kikomo alijifunza kuacha kupiga. Hata mtume Paulo, alipowaandikia Wakorintho, hakuona aibu kutumia mfano wa mpiga ngumi katika habari ya kuutawala mwili.

Tatu, jambo hili linatugusa sisi sote tuliokimbia. Inasimuliwa kwamba baada ya Ouma kutoroka, askari walimpiga baba yake mpaka akafa, kwa kulipiza kisasi. Filamu ya maisha yake iliyotoka mwaka 2008 inamwonyesha amerudi Uganda, amefika kaburini kwa baba yake, analia. Wapendwa, ni wangapi kati yetu wanalala na swali hilo? Tungebaki, je, baba angekuwa hai? Tungemngoja bibi, je, tungempoteza njiani? Tunawajibu kwa kanuni ile ile: hatia ni ya yule aliyeinua mkono kuua. Aliyekimbia ili aishi hakuua mtu. Machozi yake ni ya upendo, na ni haki yake kulia. Ila asijiite muuaji.

Basi tukijipa wenyewe haki hiyo, tutamnyima vipi kijana wa benchi la nyuma? Sisi tulikimbia kwa miguu yetu, tukafika. Yeye alikamatwa kabla hajaweza kukimbia. Hatumwombei mkanda wa dunia. Anahitaji kazi ya mikono: jembe, cherehani, matofali, msumeno wa fundi. Anahitaji pia mzee wa kumsikiliza atakapokuwa tayari kusema, bila kumharakisha.

Jumapili ijayo, kabla ya nyimbo kuanza, tutazame nyuma. Akiwepo, tumsogelee, tumpe mkono, tumwulize jina lake alilopewa na mama yake, siyo lile la porini.

Bwana awalinde ninyi na nyumba zenu.