Kabla Hujabeba Jembe

Kabla hujabeba jembe, msikilizaji wa Nyabusozi na Biharamulo nzima, nikukumbushe mchora katuni Christian Gregory. Tangu mwaka 1967 alimchora Chakubanga katika gazeti la Uhuru, mtu wa kawaida anayehangaika na maisha kama mimi na wewe. Wengine wakafuata: jarida la Sani likatupa mhusika Ndumilakuwili, na humo alichora Philip Ndunguru, kijana aliyefariki mwaka 1986. Naipenda mno kazi hii ya katuni. Kumchekesha mtu leo si vigumu. Kurudi kesho na keshokutwa, kwa visanduku vichache na maneno machache, hapo ndipo jasho linapotoka. Gazeti lilipofika kijijini limechelewa, sisi tulianzia kwenye katuni, vichwa vitano juu ya ukurasa mmoja, anayejua kusoma akiwasomea wenzake.