Deni la Mwanazuoni

Kutoka hapa Mirongo, Mwanza, si mbali kufika Ukerewe, kisiwa alikozaliwa mshairi Euphrase Kezilahabi mwaka 1944. Mwaka 1985, huko Marekani, alikamilisha kwa Kiingereza tasnifu juu ya falsafa ya Kiafrika na ufasiri wa fasihi. Je, achotaye kisima cha kwao akawanywesha wageni hana deni? Mimi, mfasiri nisiyepitia chuo, niliwahi kumlaumu. Kisha nikasoma riwaya zake Nagona (1990) na Mzingile (1991), nikaziona fikra zile zimerejea nyumbani, zikisema Kiswahili. Wako wanaolalamika kuwa ni ngumu. Naam, ni ngumu. Lakini fumbo lililotegwa kwa lugha yetu, wa kulitegua ni sisi. Sasa deni ni letu.