Mtangazaji Anayetuchekesha



Redio RTLM ilipoanza matangazo hapa Kigali, Julai 1993, vijana waliipenda kwa muziki na utani wake. Masikio yalipokwisha kuzoea, chuki ikaingia kwa sauti ileile ya mzaha, na mwaka 1994 ikawa wito wa kuua.

Tusiseme hayo hayatuhusu. Hassan Ngeze, mhariri wa gazeti la Kangura, alikuwa Mwislamu. Mwaka 2003 mahakama ya Arusha ilimhukumu kifungo cha maisha. Rufaa ya 2007 ikakipunguza hadi miaka 35. Jina la Kiislamu halikumzuia. Na wakati Waislamu wa Biryogo walikuwa wakiwaficha majirani majumbani mwao, gazeti lake lilikuwa limekwisha kupanda sumu.

Leo mchambuzi yumo ndani ya simu zetu. Anachekesha kwanza, kisha anawadharau watu fulani, nasi tunasambaza. Suratul Hujurat, aya ya 6, inatuamrisha kuhakiki habari. Aya ya 11 inakataza kudharauliana. Kabla hujabonyeza, jiulize: ningeyasema haya mbele ya anayechekwa?

Anayesambaza naye amesema. Allah atuhifadhi na shari ya ndimi na vidole vyetu. Amin.